"Hutakiwi Kujibu Lolote": Ngazi za Mahakama za Jinai Tanzania na Majaji Wake

Karandinga la Magereza likiingia mahakama ya Kisutu, Dar es Salaam, asubuhi, ndugu wa mahabusu husogea kutafuta sura wanayoijua. Baadaye jina linaitwa ndani, kijana anapanda kizimbani, wakili wa Serikali anasoma shtaka la mauaji. Ndugu wamebana pumzi wakisubiri kijana wao aseme si kweli. Hakimu anamkatiza kabla hajafungua kinywa: hutakiwi kujibu lolote, mahakama hii haina mamlaka ya kusikiliza shauri hili. Wakili anasema upelelezi haujakamilika, tarehe inapangwa wiki mbili mbele, na kabla mama mtu hajaelewa kilichotokea karandinga limeshageuza kurudi gereza la Segerea.

Swali linalofuata pale nje huwa moja, na limeniangukia mara nyingi kuliko jingine lolote kuhusu mahakama zetu: kama mahakama haina mamlaka, wamempeleka pale kufanya nini? Aliyezoea kufuatilia kesi magazetini hulipita kama mstari wa kawaida wa habari, lakini mama wa mahabusu ana haki ya kushangaa. Kumjibu inabidi tuipande ngazi nzima kuanzia chini, kwa sababu katika mfumo wetu swali la nani ana mamlaka hutangulia swali la nani ana hatia.

Tanzania Bara ina ngazi hizi: Mahakama ya Mwanzo, juu yake Mahakama ya Wilaya, ambayo inakwenda bega kwa bega na Mahakama ya Hakimu Mkazi, kisha Mahakama Kuu, na juu kabisa Mahakama ya Rufani. Mahakama ya Rufani pekee ndiyo ya Muungano wote. Zanzibar ina ngazi zake, nitazigusa mbele.

Mahakama ya Mwanzo ndiyo wananchi wengi wanayoijua, na ndiyo wanasheria wengi wanaipuuza. Aliyeibiwa kuku, aliyepigwa kofi kilabuni, aliyetukanwa mbele ya watu, huanzia hapo. Mambo yake yote ni Kiswahili tangu zamani, hata miaka ile ambayo huko juu mtu alihukumiwa kwa Kiingereza huku mkalimani akimnong'oneza. Mlalamikaji husimama mwenyewe kuthibitisha madai yake, analeta mashahidi wake, anamuuliza mshtakiwa maswali uso kwa uso. Mawakili walifungiwa mlango kwa miongo mingi. Marekebisho ya 2021 yaliwaruhusu kuingia pale ambapo anayeketi ni hakimu mkazi. Hakimu wa Mwanzo kwa kawaida hawezi kumfunga mtu zaidi ya miezi 12.

Kabla ya Uhuru, kesi za Mwafrika zilikwenda kwenye mabaraza ya wenyeji na kesi za wengine zilikuwa na njia yake. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 1963 ndiyo iliyounganisha njia hizo mbili, na kwa hiyo leo mwizi wa kuku wa Namtumbo na tajiri wa Oysterbay wako kwenye ngazi moja, angalau kwenye karatasi. Kutoka mabaraza yale tulirithi wazee wa baraza. Kwa miaka mingi hakimu wa Mwanzo aliketi na wazee wasiopungua wawili, na hawakuwa mapambo: kila mmoja alikuwa na kura, na wazee wawili wakikubaliana waliweza kumshinda hakimu.

Ukipanda hadi Mahakama Kuu ulikuta wazee hao hao wakisikiliza kesi za mauaji, lakini huko maoni yao yalikuwa ushauri tu. Jaji aliwasikiliza, akaandika maoni yao, kisha akaamua anavyoona. Kwa maneno mengine, mzee wa baraza alikuwa na nguvu zaidi kwenye kesi ya kuku kuliko kwenye kesi ya uhai wa mtu. Ajabu ya pili ni kwamba ushauri huo, usiomfunga jaji, uliweza kuiangusha kesi nzima. Jaji akisahau kuwafafanulia wazee jambo muhimu la kisheria kabla hawajatoa maoni, Mahakama ya Rufani ilifuta mwenendo wote wa kesi na kuagiza kesi isikilizwe upya. Watu walianza kesi za mauaji mara ya pili, mashahidi wengine wameshakufa, kwa kasoro ya namna hiyo. Mwaka 2022 sheria ikabadilishwa: jaji wa Mahakama Kuu sasa anaweza kuketi peke yake, na wazee ni pale tu anapoona wanahitajika. Kwa upande wangu nadhani tulipoteza kitu, ila waliorudiwa kesi zao mara mbili hawatakubaliana nami.

Tuje ngazi ya pili, ambako majina huwachanganya watu. Mahakama ya Wilaya iko kila wilaya. Mahakama ya Hakimu Mkazi kwa kawaida hukaa makao makuu ya mkoa, na Kisutu ni mojawapo, maarufu kuliko zote. Katika kesi nyingi za jinai nguvu zao zinalingana. Tofauti kubwa ni eneo. Kinachochanganya ni kwamba "hakimu mkazi" pia ni cheo cha mtu, mwenye shahada ya sheria, na mtu huyo anaweza kupangwa Mahakama ya Wilaya, au hata ya Mwanzo siku hizi. Kwa hiyo ukiambiwa kesi iko kwa hakimu mkazi, uliza tena: kwa mtu, au kwa mahakama?

Hapa anaingia mtu mzito zaidi katika mfumo wote wa jinai, ambaye wala si hakimu wala jaji: Mkurugenzi wa Mashtaka, DPP kama kila mtu anavyomwita. Kuanzia ngazi hii kesi ni ya Jamhuri. Aliyeibiwa anageuka shahidi. Hawezi kuifuta kwa sababu wamepatana nyumbani, na mshtakiwa akiachiwa hawezi kukata rufani mwenyewe. (Mahakama ya Mwanzo mlalamikaji anaweza.) Jalada likiwa kwa DPP, kesi inalala hadi DPP alitoe. Na DPP anaweza kuiondoa kesi mahakamani wakati wowote kabla ya hukumu, na sheria haimdai aeleze hakimu kwa nini.

Watu hudhani mahakama ya wilaya ni ya vifungo vidogo. Kwa sheria ya jumla hakimu wa ngazi hii hafungi zaidi ya miaka 5. Ila kuna makosa ambayo Bunge limeyawekea adhabu yake maalumu, na hapo hakimu hufuata sheria ya kosa lenyewe. Unyang'anyi wa kutumia silaha ni miaka 30, haipungui. Ubakaji kwa kawaida huanzia 30. Kumbaka mtoto wa kike wa chini ya miaka 10 ni kifungo cha maisha, na anayekitoa anaweza kuwa hakimu kijana wa wilaya aliyemaliza masomo juzijuzi. Mauaji ya bila kukusudia, ambayo mtu anaweza kufungwa miaka michache au kuachiwa kwa masharti, yanasubiri Mahakama Kuu.

Sasa turudi kizimbani Kisutu. Mauaji ya kukusudia, mauaji ya bila kukusudia na uhaini ni mali ya Mahakama Kuu. Lakini sheria haimruhusu DPP kumchukua mtu polisi na kumweka moja kwa moja mbele ya jaji. Lazima apitie kwanza mahakama ya chini, na hakimu wa pale kazi yake ni ya mlinda mlango: anahakikisha mshtakiwa yuko hai na hajapotezwa, anamsomea anachotuhumiwa nacho, anaweka tarehe. Hawezi kumuuliza kama anakubali au anakataa, maana jibu hilo ni mwanzo wa kesi yenyewe, na kesi si yake.

Aprili 2025 jambo hili lilionekana waziwazi kuliko mfano wowote ninaoweza kutunga. Tundu Lissu, mwenyekiti wa CHADEMA, alifikishwa Kisutu siku moja kwa kesi mbili. Kwenye ile ya kuchapisha taarifa za uongo mtandaoni aliulizwa, akakana kosa. Kwenye ile ya uhaini hakuulizwa. Jengo moja, siku moja, mtu yule yule: kosa moja mahakama ilikuwa na mamlaka nalo, jingine haikuwa nayo.

Upelelezi ukikamilika na DPP akiamua kuendelea, anafungua mashtaka Mahakama Kuu, na jalada linarudi kwa hakimu kwa hatua ya mwisho ambayo wanasheria wanaiita mwenendo kabidhi. Siku hiyo mshtakiwa anasomewa maelezo ya mashahidi na vielelezo vitakavyotumika dhidi yake, ili asiende kwa jaji gizani. Anaambiwa anaweza kusema neno au kunyamaza, na wengi mawakili wao huwashauri wanyamaze. Anataja mashahidi wake kama anao. Kisha hakimu anamkabidhi kwa Mahakama Kuu, na yeye kazi yake imekwisha. Kesi ya Lissu ilivuka hatua hiyo Agosti 2025, ikaenda mbele ya jopo la majaji watatu.

Desturi hii tuliachiwa na Waingereza, na zamani ilikuwa chujio la kweli: hakimu alisikiliza mashahidi na aliweza kumwachia mtu kama ushahidi ni mwepesi. Chujio lile halipo tena, limebaki bomba. Kenya waliifuta hatua hii mwaka 2003, na mshtakiwa wa mauaji anakwenda moja kwa moja Mahakama Kuu. Sisi tumebaki nayo, na kwa kuwa mauaji ya kukusudia na uhaini hayana dhamana, muda wote wa "upelelezi haujakamilika" mtu anaulalia gerezani. Marekebisho ya 2022 yalikataza kumfikisha mtu mahakamani kabla upelelezi haujakamilika, lakini makosa makubwa yaliachwa nje ya katazo hilo. Waliokuwa wanaumia zaidi ndio hawakuguswa.

Mwaka 2020 suala la makosa yasiyo na dhamana lilifika juu. Mei, Mahakama Kuu ilisema kifungu kinachonyima dhamana makosa hayo kinakwenda kinyume na Katiba. Agosti mwaka ule ule, Mahakama ya Rufani ikasema hapana, kifungu ni halali. Kwa miezi michache kati ya chini na juu ya ngazi palikuwa na majibu mawili tofauti kwa swali moja, na waliokuwa remandi walifuatilia kwa redio.

Kuna chochoro moja ambayo hata waandishi wa habari huikosea. Mahakama Kuu ina kesi nyingi na majaji wachache, kwa hiyo sheria inaruhusu kesi ya Mahakama Kuu, hata ya mauaji, ipelekwe kwa hakimu mkazi aliyepewa mamlaka ya nyongeza. Anaketi kwenye jengo lake la kawaida, anaitwa hakimu, lakini kwa kesi hiyo ana nguvu za jaji na anaweza kuhukumu mtu kunyongwa. Asiyeridhika naye hakati rufani Mahakama Kuu, anaivuka na kwenda Mahakama ya Rufani, kana kwamba jaji ndiye aliyeamua.

Mahakama Kuu yenyewe ni moja kwa Tanzania Bara yote, hata kama unaiona Mwanza, Mbeya, Arusha na Dodoma. Imegawanywa kwa kanda, na kila kanda ina jaji mfawidhi, yaani msimamizi wa pale: anagawa majalada kwa wenzake, anakagua mahakama za chini, anatembelea magereza. Si bosi wa wenzake kwenye hukumu. Mbali ya kanda kuna divisheni zinazoshughulikia aina ya kesi: biashara, ardhi, kazi, na ile ya makosa ya rushwa na uhujumu uchumi iliyoundwa 2016, ambayo mitaani ilipewa jina la Mahakama ya Mafisadi kwa sababu ilikuwa ahadi ya kampeni ya John Magufuli mwaka mmoja kabla.

Divisheni hiyo ndiyo iliyosikiliza kesi ya ugaidi ya Freeman Mbowe na wenzake mwaka 2021, na kesi ile inaonyesha vizuri uhusiano wa cheo na kiti. Jaji wa kwanza, Elinaza Luvanda, alijitoa baada ya washtakiwa kusema hawana imani naye. Akaingia Mustapher Siyani. Kabla hajafika mbali, Rais akamteua kuwa Jaji Kiongozi, akaondoka, akaingia Joachim Tiganga. Majaji watatu kwa kesi moja ndani ya miezi michache. Machi 2022 DPP akaiondoa, wakaenda nyumbani.

Jaji Kiongozi ni nani basi? Jina linadanganya: watu hudhani ndiye namba mbili kwa Jaji Mkuu kwenye kuamua kesi. Kwa Katiba yeye ni kiongozi wa Mahakama Kuu, na msaidizi maalumu wa Jaji Mkuu katika kuendesha mahakama hiyo na zote zilizo chini yake. Haketi Mahakama ya Rufani. Jaji wa Rufani aliyeapishwa jana anaweza kuiangusha hukumu ya Jaji Kiongozi bila kumkosea adabu.

Jaji Mkuu ndiye mkuu wa Mhimili wote wa Mahakama, kuanzia karani wa Mwanzo hadi juu, na ndiye mwenyekiti wa Tume ya Utumishi wa Mahakama. Kwenye kesi, hata hivyo, ni mmoja wa majaji. Mahakama ya Rufani huketi na majaji watatu kwa kawaida, na akiwamo Jaji Mkuu kura yake ni moja kati ya tatu. Wenzake wawili wakimpinga, ameshindwa. Likija jambo la kutaka kuacha msimamo wa zamani wa mahakama hiyo, huitwa watano.

Mahakama ya Rufani ni changa kuliko wengi wanavyodhani. Hadi 1977 rufani zetu zilikwenda kwenye mahakama ya pamoja na Kenya na Uganda. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika, mahakama ile ikafa nayo, na ya kwetu ikaanzishwa 1979. Aliyeiongoza mwanzoni, Francis Nyalali, alikuwa Jaji Mkuu tangu 1977 hadi 2000, muda mrefu kuliko yeyote. Kabla yake alikuwapo Augustine Saidi, Mtanzania wa kwanza kushika kiti hicho, ambaye alipokea kiti kutoka kwa Philip Telford Georges, mwanasheria kutoka visiwa vya Karibi aliyekuja kutusaidia baada ya Uhuru.

Ukitaka kuona ngazi ikifanya kazi tazama kesi ya Mbushuu. Mwaka 1994 Jaji James Mwalusanya wa Mahakama Kuu, Dodoma, alikuwa na watu wawili aliowatia hatiani kwa mauaji. Sheria ilisema wanyongwe, haikumpa chaguo. Mwalusanya akasema adhabu hiyo ni ya kikatili na inavunja Katiba, akawapa kifungo cha maisha. Mwaka uliofuata majaji watatu wa Rufani walikubaliana naye kwamba kunyongwa ni adhabu ya kikatili, ya kinyama na ya kudhalilisha. Wakakubali hilo lote, kisha wakasema Katiba yenyewe inaruhusu sheria za namna hiyo kwa maslahi ya umma, wakarudisha adhabu ya kifo. Mmoja wa majaji wale alikuwa Augustino Ramadhani, ambaye baadaye alikuwa Jaji Mkuu wetu na kisha Rais wa Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, kule Arusha. Mahakama hiyo ya Arusha, Novemba 2019, Ramadhani akiwa ameshaondoka, iliamua katika shauri la Ally Rajabu na wenzake kwamba kumlazimisha jaji kutoa adhabu ya kifo bila kumwachia chaguo kunavunja haki ya kuishi. Mwezi ule ule Tanzania ikajiondoa kwenye tamko linaloruhusu watu binafsi kuishtaki huko. Hakuna aliyenyongwa nchini tangu katikati ya miaka ya 1990, ila majaji bado wanatamka maneno yale ya "kunyongwa hadi kufa", kwa kuwa sheria haiwapi mengine.

Zanzibar ina Mahakama Kuu yake, DPP wake, mahakama za kadhi, na Jaji Mkuu wake. Kwa hiyo nchi moja ina watu wawili wenye cheo cha Jaji Mkuu, na ukisoma habari angalia ni "wa Tanzania" au "wa Zanzibar". Rufani za jinai kutoka Zanzibar huishia Mahakama ya Rufani ya Muungano. Tafsiri ya Katiba ya Zanzibar na mashauri ya Kiislamu yaliyoanzia kwa kadhi hayavuki maji. Uamuzi mzito zaidi uliowahi kuvuka ni wa Novemba 2000, katika kesi ya Machano Khamis Ali na wenzake 17 wa CUF walioshtakiwa kwa uhaini dhidi ya Serikali ya Mapinduzi. Majaji wa Rufani walisema uhaini hutendwa dhidi ya dola, na Zanzibar ndani ya Muungano si dola kamili, basi kosa lenyewe haliwezekani. Kesi ya jinai ikajibu swali la Muungano ambalo wanasiasa walikuwa wakilizunguka tangu 1964.

Majaji hupatikanaje? Wa Mahakama Kuu huteuliwa na Rais baada ya kushauriana na Tume ya Utumishi wa Mahakama. Wa Rufani, baada ya kushauriana na Jaji Mkuu. Jaji Mkuu mwenyewe, Rais humteua kutoka miongoni mwa wenye sifa za kuwa majaji wa Rufani. Jaji wa Mahakama Kuu hustaafu akiwa na miaka 60, wa Rufani 65, na Rais anaweza kuongeza muda. Profesa Ibrahim Juma alikaimu tangu Januari 2017, akathibitishwa Septemba mwaka huo, akaongezewa muda alipotimiza 65 mwaka 2023, na Juni 2025 akampisha George Masaju, ambaye aliwahi kuwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Kumwondoa jaji kwa utovu wa maadili ni kazi ngumu, na ni vyema iwe ngumu: Rais hawezi kumfukuza, lazima iundwe tume maalumu ambayo angalau nusu ya wajumbe ni majaji kutoka nchi za Jumuiya ya Madola.

Kinachonisumbua ni mlango wa kuingilia. Kenya anayetaka kuwa Jaji Mkuu huhojiwa hadharani, nchi nzima ikitazama kwenye televisheni anavyojikuna. Kwetu jina husikika siku ya uteuzi. Na watu huvuka mto kwa urahisi: Eliezer Feleshi alikuwa DPP, akawa jaji, akawa Jaji Kiongozi, mwaka 2021 akawa Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Hakuna sheria iliyovunjwa hapo, wala sina shaka na uwezo wake. Ila mtu wa kawaida akiona aliyekuwa anashtaki jana ndiye anayehukumu leo na kuitetea Serikali kesho, usimlaumu akiona Serikali na Mahakama ni nyumba moja yenye milango miwili.

Nimalizie na rufani, maana huko ndiko ngazi inapomgusa mtu mwenye haraka. Kutoka Mwanzo unakwenda Wilaya ndani ya siku 30, kisha Mahakama Kuu, na Mahakama ya Rufani utafika tu kama Mahakama Kuu itathibitisha kwamba kuna hoja ya kisheria. Yaani mwizi wa kuku anapanda ngazi tatu kufika kwa majaji watatu, wakati aliyehukumiwa kifo na Mahakama Kuu anafika kwa hatua moja. Aliyehukumiwa Wilaya au kwa Hakimu Mkazi anatoa taarifa ya kusudio la kukata rufani ndani ya siku 10, kisha sababu za rufani ndani ya siku 45. Kutoka Mahakama Kuu, taarifa ni siku 30. Hizo siku 10 ndizo zinazowaangusha watu, kwani familia huwa bado inalia au inachangishana fedha za wakili. Aliye gerezani hahitaji wakili kwa hilo: anaomba fomu kwa askari magereza, anaweka dole gumba, na gereza linaifikisha. Zile 45 hazihesabu siku ulizokuwa ukisubiri nakala ya hukumu na mwenendo. Kwa hiyo siku ile ile ya hukumu andika barua ya kuomba nakala, ipeleke masijala, na usiondoke dirishani kabla karani hajagonga muhuri wa mapokezi, wenye tarehe, kwenye nakala unayobaki nayo.